Kupishana na Kavira

Tulimzika Afande Bwambale kwake Kitswamba, nyuma ya nyumba, pembeni mwa kahawa zake. Watu walikuwa wengi kuliko nilivyotarajia kwa mtu aliyekuwa mkali vile. Karibu nusu yao walikuwa madereva, maana kwa miaka mingi mtu wa Kasese aliyetaka kujifunza gari alipita mikononi mwake, na mikono yenyewe haikuwa laini. Katekista aliomba mmoja wa wanafunzi wake wa zamani aseme neno. Wakanisukuma mimi mbele, nami nikasimulia kile ninachosimulia siku zote: jinsi nilivyopishana na pikapu kwenye lami mpya isiyo na mstari, mvua ikinyesha, nikiwa na mama mjamzito nyuma, na jinsi nilivyookoa roho zetu kwa sababu nilimjua dereva aliyekuwa mbele yangu. Madereva wapya wa zahanati yetu ya Bwera huanza kazi kwa kuisikia hadithi hiyo. Watu walitikisa vichwa, wengine wakaguna kwa kuridhika. Nilipokuwa narudi kukaa ndipo nilipomwona mwanamke kwenye mkeka wa wageni, kitenge cha kijani begani, akinitazama bila kucheka wala kununa. Alikuwa amenenepa na nywele za mbele zimeanza kuwa na mvi, lakini nilimtambua kabla hajanyanyuka. Alikuwa Kavira, dereva wa ile pikapu. Hatukuwa tumeonana tangu mwaka uleule wa pikapu.

Alichoniambia siku hiyo nitakieleza, lakini hakitaeleweka bila mwaka wenyewe. Ilikuwa katikati ya miaka ya elfu mbili na kumi, nami nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Zahanati ya parokia kule Bwera ilikuwa imepata Land Cruiser, na Sista aliyeiongoza alitaka dereva atakayeweza pia kuongea Kiswahili na wagonjwa wanaovuka mpaka kutoka Kongo. Aliniambia, jifunze gari, kazi ni yako. Kwa hiyo niliteremka Kasese, nikapanga nusu ya chumba kimoja huko Nyamwamba, kando ya mto. Nusu nyingine ilikuwa ya Kavira.

Alinizidi miaka sita hivi. Alikuwa ametoka upande wa Butembo, mjane tayari, na habari ya kilichompata mumewe njiani kwenda shamba alinieleza mara moja tu, akiwa amenipa mgongo, anachambua maharage. Sikuuliza tena. Jina lake na langu ni jina moja: binti wa pili kuzaliwa, sisi wa upande huu tunamwita Biira, wao wa upande ule wanamwita Kavira. Alipojua hilo alifurahi kama aliyepata ndugu, na tangu siku ile hakuniita Biira. Aliniita Jina Yangu. Mimi nilimwita Yaya, kama wanavyomwita dada mkubwa kwao.

Chumba kile bado nakiona vizuri kuliko nyumba ninayoishi sasa. Kulikuwa na kitanda changu, kitanda chake, na pazia la kitenge katikati ambalo tulilifunga wiki ya kwanza na kulisahau limefunguliwa wiki ya pili. Sigiri ya makaa ilikaa mlangoni. Mto ulisikika kila wakati, na mvua ikinyesha mlimani ulisikika zaidi, mawe yakigongana chini ya maji. Ukuta wa upande wa kulia ulikuwa na ufa, na nyuma ya ufa waliishi wanaume wawili waliokuwa wanaendesha malori ya simenti. Tulijua maisha yao yote. Jioni wakirudi walikaa kitandani na kusemezana kuhusu barabara, nasi tulikoroga bundu yetu, ugali wa muhogo, kimyakimya ili tusikie. Siku moja mmoja alilalamika kwamba mistari ya barabarani imefutika yote, mtu hajui nusu yake inaishia wapi. Mwenzake akacheka. "Mstari wa nini?" akasema. "Hapa mstari ni ukubwa wa gari. Mwenye gari dogo ndiye anayejua katikati iko wapi." Kavira aliacha kukoroga, akaniangalia. "Umesikia?" akanong'ona. "Weye na miye tutakufa kwa hii barabara." Kisha akaongeza mawese kwenye sombe, kisamvu cha kwao, mengi kuliko nilivyopenda, na tukala.

Yeye alikuwa anajua gari tayari. Kwao aliendesha pikapu ya mumewe, barabara za matope ambazo mimi hata kwa miguu ningeziogopa. Alichohitaji ni leseni ya Uganda, kwa kuwa shemeji yake aliyekuwa anafanya biashara mpakani alikuwa amemwahidi kazi ya kubeba vitunguu na viazi kutoka Bwera hadi soko la Kasese. Tulidhani yeye atamaliza kwa wiki moja na mimi nitabaki nyuma kwa miezi. Haikuwa hivyo.

Afande Bwambale alikuwa ameendesha malori ya jeshi ujana wake wote. Alifundisha kwa Corolla kuukuu yenye breki mbili, moja ya mwanafunzi na moja chini ya mguu wake, na alipenda kuikanyaga ya kwake. Somo la kwanza hakutupa gari. Alitupeleka asubuhi kwenye barabara ya kwenda Hima na kutusimamisha ukingoni.

"Mstari iko wapi?" akauliza.

Nikajibu kwamba hakuna, rangi imekwisha.

"Rangi imekwisha. Lakini magari imeandika. Soma."

Tulitazama, hatukuona kitu. Akatuinamisha, mmoja kushoto kwake, mwingine kulia, mkono wake mzito kwenye visogo vyetu, hadi macho yakawa karibu na lami. Hapo niliona. Matairi yalikuwa yameing'arisha lami kwa miaka, njia mbili nyembamba zinazometa, na kati ya njia hizo kulikuwa na utepe mweusi wa oili iliyodondoka kutoka kwenye injini za magari yote yaliyowahi kupita. Upande wa pili kulikuwa na nyingine kama hizo. Katikati, kati ya upande na upande, lami ilikuwa na vumbi na rangi ya kijivu, haijaguswa sana.

"Hii yako," akasema Afande. "Ile ya mwenzako. Hapa kati hapana mtu. Wewe dreva unakaa upande ya mwenzako, si upande ya mtaro. Bega yako ya kulia ikiona mtaro, wewe iko kwa makosa. Ao umekufa."

Mimi, kwa kuwa sikujua chochote, nililimeza neno hilo kama dawa. Kavira lilimkwama. Kwao watu hupita kulia, lakini pikapu ya mumewe ilitoka huku kwetu, usukani uko kulia. Kwa hiyo miaka yote aliyoendesha alikaa juu ya mtaro, na mtaro ndio uliokuwa kipimo chake. Alinieleza jioni moja, mikono ikiwa na unga. "Mi nilikuwa naangalia mutaro tu. Mutaro iko hapa, chini ya bega, njo najua niko muzuri. Hawa ba kule mbele, shauri yao." Huku kwetu mtaro ulikuwa mbali, ng'ambo ya kiti cha abiria, na begani pake pa kulia kulikuwa na uwazi tu, uwazi ambao kila mara ulileta gari. Akiwa ametulia aliendesha vizuri kuliko mtu yeyote niliyemwona. Akishtuka, mikono ilitangulia kabla yake. Mbuzi akiruka, boda akichomoza kutoka kichochoroni, usukani ulikwenda kulia, na Afande alikanyaga breki yake hadi tukapigwa na viti.

"Wewe ya Congo," alimwambia siku moja, gari likiwa limesimama katikati ya barabara na watu wakituangalia. "Unataka kuua mimi? Mimi nimetoka vitani mzima."

"Afande, mikono njo inaenda."

"Mikono ni ya nani?"

Kavira aliiondoa mikono kwenye usukani, akaiangalia. Afande akasema kwa sauti ya chini ambayo sikuwahi kuisikia kwake, "Pole pole. Tutafundisha mikono pia."

Kwa hiyo tuliifundisha mikono yake nyumbani. Mkeka ulikuwa barabara. Viberiti viwili vilikuwa magari. Alikisukuma cha kwake kutoka upande wa mlango, mimi cha kwangu kutoka upande wa kitanda, tunazungumza mambo mengine kabisa, bei ya makaa, mume wa mwenye nyumba, na ghafla nilimrushia kiberiti changu katikati. Alitakiwa aende kushoto kabla hajafikiri. Mwanzoni alikwenda kulia kila mara, akajitukana kwa Kifaransa. Tulifanya hivyo jioni baada ya jioni, bundu ikipoa. Wale wanaume wa ukutani walituuliza siku moja tunacheza mchezo gani unaomfanya mtu mzima apige kelele vile. Mwezi wa mwisho kabla ya mtihani hakuwa anakosa tena. Hilo nalikumbuka vizuri leo, namna alivyokaa kimya na kiberiti chake upande wa kushoto wa mkeka, akitabasamu kabla sijamaliza kukirusha changu. Ajabu ni kwamba kwa miaka mingi nilikuwa nimelisahau, na nilikumbuka tu wale mbuzi na mikono yake ikikimbilia kulia.

Tulipata leseni zetu siku moja. Afande alitupa mkono, kila mmoja kwa zamu, akasema, "Sasa kwenda. Sitaki kusikia majina yenu kwa redio." Hiyo ndiyo ilikuwa baraka yake.

Bwera nilipewa chumba nyuma ya zahanati, kilichopakana na wodi ndogo ya akina mama. Usingizi wangu ulijaa mazungumzo ya wanawake: nani ameachiwa nani watoto, wapi wamekimbia tena, sabuni imepanda, padri mpya anahubiri kirefu. Kavira alipanga karibu na soko la mpakani, na siku ambazo pikapu haikujaa mapema alikuja kula kwangu. Alileta makayabo, samaki wa chumvi, yaliyofungwa kwenye gazeti, mimi nilipika wali. Aliingia bila kubisha, akavua viatu, akanyoosha miguu kwenye sakafu ya simenti kwa ajili ya ubaridi. Tulizungumza kama madereva. Kwa mara ya kwanza maishani mwangu nilikuwa na kazi ambayo mtu mwingine aliijua kutoka ndani, na nadhani furaha niliyokuwa nayo mwaka ule, ambayo sikuijua kuwa ni furaha, ilitoka hapo: kukaa sakafuni na mtu na kusema, "Ile kona ya pale chini, wewe unaiingiaje?" na yeye akajua kona gani.

Tulilozungumza zaidi lilikuwa lami mpya. Kipande cha barabara kati ya Kinyamaseke na Kikorongo kilikuwa kimefumuliwa na kuwekwa upya, kipana, cheusi tititi, kizuri kwa macho. Mistari haikuwa imechorwa, na kingo hazikuwa zimejazwa, hivi kwamba ukishusha tairi pembeni ulikuwa unalishusha kwenye shimo la urefu wa goti. Na yale maandishi aliyotufundisha Afande hayakuwapo. Lami ile haikuwa imeng'arishwa na mtu, haikuwa na tone la oili. "Haijafundishwa," alisema Kavira. "Ni kama karatasi." Kila mtu alijikatia nusu yake kwa macho, na nusu ya huyu haikuwa nusu ya yule. Malori yalichukua yaliyotaka. Sisi wadogo, kwa kuogopa zile kingo, tulipanda juu ya mgongo wa barabara na kukaa hapo hadi tumwone mtu.

Siku yenyewe ilikuwa ya mvua, mchana. Msichana mmoja wa ng'ambo alikuwa ameletwa na mama mkwe wake, uchungu umemshika tangu jana yake, na muuguzi alipompapasa akasema mtoto amelala kimkingamo, hapa hatuwezi, mpeleke Kasese. Tukamlaza nyuma. Mama mkwe alikaa sakafuni karibu na kichwa chake, ameshika beseni. Niliwasha taa nikaondoka. Msichana hakuwa akilia. Alikuwa akisema jambo moja kwa Kinande, lugha ya ng'ambo, polepole, tena na tena, na mama mkwe akijibu "eeh" kila mara kama wanapiga soga.

Baada ya Kinyamaseke maji yalikuwa yanatiririka kingoni mwa lami hata usione lami inaishia wapi na shimo linaanzia wapi. Nilipanda katikati kama wengine. Kulikuwa na mwinuko mfupi. Nilipofika kileleni mwake, pikapu ilitokea upande wa pili, nayo katikati kama mimi, na ilikuwa karibu mno. Niliitambua mara moja kwa turubai la buluu lililofungwa kama kilemba, na bampa ambayo Kavira aliipaka rangi nyeupe kwa mkono wake. Uso wake sikuuona. Niliona turubai.

Watu huniuliza nilifikiri nini, nami kwa miaka yote nimewajibu kwa mpangilio mzuri. Nilijua akishtuka huenda kulia. Nikienda kushoto, kama sheria inavyotaka, kushoto kwangu ndiko kulia kwake, tutavaana. Kwa hiyo niende kulia. Hivyo ndivyo ninavyosema. Lakini sidhani kama kulikuwa na nafasi ya maneno yote hayo. Kilichokuja ni picha ya Kavira ndani ya Corolla, mbuzi mbele yake, mikono ikikimbilia kulia, nami nikavuta usukani kulia. Pua ya pikapu ilicheza, kama ng'ombe anayekataa kamba, halafu ikaelekea kulia kwake, na tukapishana kila mmoja akiwa upande usio wake. Kioo changu cha kushoto kiligongana na cha kwake kikavunjika. Yeye sikumwona, kwa kuwa sote wawili tulikuwa tumekaa upande wa nje, kila mtu juu ya mtaro wake. Nyuma mama mkwe alikuwa amemlalia mkwewe kwa kifua chote, beseni limeviringika hadi mlangoni.

Sikusimama. Kwenye kioo cha ndani niliona pikapu imesimama, imekaa upande, na vijana wa boda waliokuwa wamejificha mvua kwenye kibanda cha mabati wanatoka kuikimbilia. Niliendelea hadi Kasese. Walimpasua yule msichana jioni ile, na mtoto akatoka mzima, wa kiume, mwenye sauti. Mama mkwe alinitafuta nje ya hospitali, nikiwa nimeegemea gari, akanishika mikono yote miwili na kuitemea mate ya baraka. Niliangalia mikono yangu nikaona kama ni ya mtu mwingine, mtu mkubwa zaidi.

Habari zilinitangulia Bwera. Vijana wa boda walikuwa wameona pikapu ya Mkongomani iko upande mbaya wa barabara, na gari la zahanati limeikwepa kwa ujanja. Sista alinisifu mbele ya wafanyakazi wote. Jumapili, kwenye chakula cha parokia, nilisimulia, na nilipofika kwenye sehemu ya kumjua mtu kuliko sheria, padri aliweka uma chini ili anisikilize. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili, na sikuwa nimewahi kumfanya mtu aweke uma chini.

Kavira alikuja siku chache baadaye. Safari hii alibisha. Alikaa kwenye kiti badala ya sakafuni, na alikula kidogo. Nilimuuliza habari za pikapu. "Shemeji alininyang'anya funguo," akasema. "Anasema mwanamuke wa Kongo atamuletea polisi." Nilisikitika, na kwa sikitiko hilohilo nikamwambia, nakumbuka maneno yenyewe, "Usijilaumu, Yaya. Ulikuwa upande mbaya, lakini asante Mungu mimi nakujua." Alichukua sahani yake, akaiosha, akaiosha na yangu, akaziinamisha zikauke, akavaa viatu. Mlangoni akasema, "Kaa salama, Jina Yangu," na mimi nikadhani ana aibu.

Afande nilimwona kabla mwaka haujaisha, nilipopeleka gari Kasese kwa fundi. Alinunua karanga, tukala tumesimama. Nilimsimulia, nikitarajia asifu. Alitafuna hadi nikamaliza. "Wewe uliona yeye anakwenda kulia," akauliza, "halafu wewe ukakwenda? Ao wewe ulikwenda kwanza?"

"Nilijua atakwenda, Afande."

"Sikuuliza ulijua."

Afande alikunja karatasi ya karanga, akaitia mfukoni, akaniuliza kama breki za Land Cruiser zinashika sawa. Nilipomtafuta Kavira mpakani mwezi wa Desemba, niliambiwa amehama. Wengine walisema amerudi Butembo, wengine wakasema ameelekea Fort Portal. Mistari ilikuja kuchorwa kwenye lami ile, myeupe, mizuri, na baadaye ikaanza kufutika kama kawaida yake. Mimi nikaendelea kuendesha, miaka ikapita, nikawa ndiye ninayewapokea madereva wapya.

Kwa hiyo pale Kitswamba, watu walipoanza kugawiwa chakula, Kavira alikuja akanishika kiwiko, tukatoka na sahani zetu hadi kwenye benchi nyuma ya jiko. Tulisalimiana kirefu, kama inavyopasa. Anaendesha lori sasa, la kwake mwenyewe, na ana binti anayesoma. Alikula nusu ya nyama yake kabla hajaingia kwenye jambo lililomleta.

"Ile siku," akasema, "uliona pikapu ilifanya nini?"

"Ilicheza. Kulikuwa na maji."

"Hapana maji." Aliweka sahani kwenye mapaja. "Nilienda kushoto. Vile Afande alitufundisha, vile weye ulinifundisha na biberiti. Nilikuwa nimesha kwenda. Njo nikaona gari ya zahanati iko nakuya upande yangu. Nikasema, Jina Yangu iko na mugonjwa, hatarudi upande yake. Njo nikageuza."

Wanawake walikuwa wanapakua wali ndani ya jiko, vijiko vikigonga sufuria. Nilijaribu kuiona tena ile pua ya pikapu, na nikaiona: kushoto kwanza, kidogo, halafu kulia. Ilikuwa imefanya hivyo siku zote, kila mara nilipoisimulia.

"Kwa nini hukusema?" nikauliza.

"Kwa nani? Ba boda baliniona kwa upande mubaya. Shemeji alikuwa nataka sababu. Nani atamuamini Mukongomani, aache dereva ya basista?" Alisema hivyo bila uchungu, kama anayehesabu vitu vya zamani. "Mi nilimuambia Afande peke yake. Aliniamini palepale. Njo alinitafutia kazi Fort Portal, kwa rafiki yake ya jeshi, kubeba majani ya chai."

"Na mimi? Mimi ungeniambia."

Kavira alicheka kidogo, akiangalia kahawa za Afande. "Nilikasirika na weye, siwezi kukudanganya. Ile siku ulinipa chakula na ukamushukuru Mungu eti unanijua, nilitaka kukupiga na sahani. Nilikasirika miaka mbili, tatu. Lakini hata mule mu kasirani nilikuwa nawaza. Huyu iko nabeba bagonjwa kila siku. Nikimuambia, kesho ataogopa mikono yake. Na dereva mwenye kuogopa mikono yake, huyo anaua bantu. Nikasema nitamuambia akisha kuacha kazi." Akanigeukia. "Haukuacha."

"Bado sijaacha."

"Niliona. Lakini leo uliisema mbele ya batoto ba Afande, na yeye alijua namna ilikuwa. Nikaona si vizuri azikwe na uwongo, hata kama weye haukuwa unadanganya."

Nilikuwa nimekaa na mtu aliyeyumba mara mbili kwenye lami yenye maji ili mimi niyumbe mara moja, kisha akabeba jina baya, akapoteza kazi, akahama mji, na hakuna chochote katika Kiswahili changu, wala katika Kikonzo chetu, kilichotosha. Nikashukuru tu, "Webale, Yaya," kisha nikasema tena. Yeye alinipigapiga gotini kama anavyobembelezwa mtoto aliyeanguka, na tukaendelea kula kwa sababu chakula kilikuwa kinapoa.

Mbambu, dereva wetu mpya wa zahanati, mama wa watoto watatu aliyenileta msibani siku ile, akaja akizunguka jiko, funguo mkononi. Wingu lilikuwa limekaa mlimani na alitaka tuondoke kabla ya mvua. Nilimwambia asubiri kidogo, akae.

"Ile hadithi ya lami mpya niliyokusimulia," nikasema, "huyu ndiye aliyekuwa kwenye pikapu. Usiniulize mimi tena. Muulize yeye."

Kavira alimtazama Mbambu kuanzia funguo hadi viatu. Akasogea kwenye benchi, akampa nafasi.